Naanguka Mwenyewe

Sisi tuliokulia milimani hatujui kuanguka. Nasema hivyo na ndivyo ilivyo. Njia zetu za Mlola zimesimama kama ukuta, udongo mwekundu, na masika yakianza unateleza kama umepakwa mlenda. Mtoto akianza kutembea anafundishwa kwamba mguu ukiteleza, kaa. Usishindane nao. Kalia makalio, shika majani, elemea upande wa mlima. Ndiyo maana mama wa Kisambaa akitoka msituni na mzigo wa kuni akateleza, utadhani ameamua kupumzika. Anakaa pwata, kuni ziko palepale juu ya ngata, anainuka na kuendelea na mazungumzo pale alipoyaachia. Nami nilikaa hivyo miaka yote, nikazaa, nikafiwa na mume, nikapata wajukuu, sijaanguka hata siku moja. Halafu uzeeni nikaenda Dar es Salaam nikapata kazi ya kuanguka.

Mimi ni mwigizaji wa filamu. Ukinikuta sokoni na kapu langu la njegere hutadhani, lakini ndivyo. Shule niliachia darasa la nne, kwa hiyo nikirukaruka katika kueleza univumilie, nitarudi tu njiani.

Dar sikwenda kutafuta filamu. Nilikwenda kumwogesha mzazi. Binti yangu wa mwisho alijifungua, na kwetu mama wa aliyejifungua ndiye anayekwenda kumkanda, kumpikia uji na kumbeba mtoto ili binti alale. Joto la kule lilinitesa. Mchana nilikuwa nakaa barazani na beseni langu la njegere nilizotoka nazo nyumbani, namenya polepole, naangalia kwa jirani. Nyumba ya jirani ilikuwa imekodiwa na watu wa filamu. Kazi yao inachekesha. Watu wengi wanasimama kutwa nzima kumngojea mtu mmoja afungue mlango.

Siku hiyo mlango ulifunguliwa, na mkwe alitakiwa kumtupa nje mama mkwe wake, ashuke ngazi kwa kubingirika. Wao kila kipande cha filamu wanakiita sini. Yule mama aliyekuja kuigiza, mnene, mzuri, ananukia mpaka kwetu barazani, akasema ngazi hizo hashuki namna hiyo, ana kiuno. Wakataka kumvalisha kijana mmoja wao gauni la yule mama. Gauni likamvaa kijana kama hema. Nikacheka kwa sauti, na dairekta akageuka. Alikuwa mwanamke, mdogo tu, nywele amezifunga kitambaa. Akaja mpaka kwenye uzio, akanipa shikamoo yake vizuri, akaniuliza kama naweza kusimama pale juu ya ngazi waone tu.

Nikasimama. Nikasukumwa. Nikakaa.

Walicheka wote, na dairekta akasema nimeanguka kama mtu anayesubiri basi la Lushoto. Lakini alikuwepo pale mwalimu wa kuanguka. Ndiyo, kuna kazi hiyo. Mfupi, mwembamba, zamani alikuwa mtu wa sarakasi, umri wake kama kitinda mimba wangu. Yeye hakucheka. Aliniambia mwili wangu hauna woga, umezoea vibaya tu, na kama nina nafasi jioni anaweza kunifundisha.

Nafasi nilikuwa nayo. Mtoto alikuwa mpole, analala.

Alinifundishia kwenye mchanga, kisha kwenye magodoro ya zamani. Kidevu kifuani. Pumzi itoke. Usitangulize mkono, maana mkono ukitangulia ndio unaovunjika. Ipe ardhi bega, halafu mgongo, halafu uzunguke na kuinuka. Mwanzoni kila nikisukumwa makalio yalinishinda, yanakwenda chini yenyewe kama ng'ombe anayejua zizi lake. Mpaka jioni moja nikaanguka. Nikaanguka hasa, nikabingirika, nikaona mbingu, nikaona mchanga, nikaona mbingu tena. Nikalala pale chali nikicheka, na binti yangu akatoka mbio na mtoto begani akidhani nimepata kichaa. Sijui nikuelezeje. Mtu umejishika tangu utotoni, kila hatua unajishika, halafu siku moja unaachia na ardhi inakupokea. Nilimwomba mwalimu turudie.

Kutoka hapo nikaingia kazini. Nimetupwa ngazi nyingi. Nimeangukia shimo la choo ambalo halikuwa choo, lilikuwa limejaa maboksi. Nimedondoka kwenye bodaboda iliyokuwa inakwenda taratibu kama maandamano ya harusi, lakini kamera ikaigeuza ikawa inakimbia. Nimevunja mlango kwa bega, mlango wa mbao laini kama biskuti. Nilipewa na maneno ya kusema pia, kulia nikalia, kulaani nikalaani, ila kilio changu wanasema kina lafudhi ya milimani. Nikipita Mombo, wale akina mama wanaouza matunda njia panda wananijua. Wananiita Bibi wa Kuanguka, wananichagulia mapeasi makubwa.

Mombo wananijua. Mlola sasa, kwetu, wapi.

Nina dada. Yeye ndiye wa kwanza kuzaliwa kwa mama yetu, mimi nikamfuata. Ni mzee wa kanisa, anasimama wima mpaka unahisi wewe umepinda, na hatembei bila mwavuli, kuwe na mvua kusiwe na mvua. Yeye ndiye aliyenitangulia njiani tulipokuwa wasichana wa kubeba kuni, na ndiye aliyenifundisha kukaa. Akisikia mguu wangu unaserereka nyuma yake alikuwa hata hageuki, anasema tu, "Kaa," nami nakaa.

Mjukuu wake alimwonyesha filamu yangu kwenye simu. Akaitazama mpaka mwisho, akavua miwani, akasema yule siyo mimi. Uso ndiyo, ni wangu, lakini anayeanguka ni mwingine. Tazameni ule mguu, ni wa mwanamume. Wengine wakasema ni kompyuta, siku hizi kompyuta inaweza kumrusha mtu mpaka mwezini. Kijiji kizima kikakubali hivyo. Hawakunisema vibaya, hapana, walifurahi kabisa kwamba mtu wao yumo kwenye filamu. Ila kuanguka, walisema, wameniwekea tu.

Niliwaonyesha alama begani. Dada akasema nimegonga meza. Nikaapa kwa jina la mama yetu. Akaniambia nisimwingize marehemu kwenye mambo ya sinema.

Nilikuwa natabasamu, lakini jambo hilo lilinikaa kooni kama mwiba wa samaki. Dar nzima iamini, Mombo iamini, na mtu mmoja niliyetaka ajue, aliyenifundisha kutembea mlimani, ananihesabu kama mtoto anayedanganya kwamba ameshiba. Nilitaka anione naanguka kwa macho yake. Basi. Sikutaka zaidi ya hapo.

Mungu ana njia zake. Dairekta akapata hadithi ya mama mjane ambaye mwanawe anataka kuuza shamba la baba, mama anakataa, wanagombana njiani, kijana anamsukuma, mama anabingirika mpaka bondeni, anapona, na mengine yanafuata. Akasema anahitaji mlima. Nikamwambia mlima ninao.

Wakapanda na gari lao. Walianzia Irente, wakasimama pale pa kuangalia nchi tambarare, na dairekta akapapenda sana, akasema hapahapa. Nikamwambia mwanangu, hapa nikianguka nitatua Mazinde, kule chini tambarare, na filamu itakuwa imeishia hapo. Tukanunua jibini, tukaendelea. Kwai walisimama tena kupiga picha ng'ombe, ingawa katika hadithi hakuna ng'ombe. Njia nzima dairekta aliwasalimia watu onga mshi, salamu yetu ya mchana, kama nilivyomfundisha, na watu wakamwitikia kwa furaha.

Mahali tulipopapata ni nyuma ya shamba la dada yangu. Mteremko mrefu, nyasi zimefyekwa, chini kuna vichaka na kipande kilichokwisha kulimwa kwa ajili ya maharage. Mwalimu wa kuanguka alipita pote kwa magoti, akaokota mawe moja moja, akatandaza majani makavu ya migomba, na chini nyuma ya kichaka akaficha magodoro. Nilivalishwa kanga kuukuu, miguu mitupu, maana mjane wa kwenye hadithi hana viatu.

Mlola yote ilikuja. Walioacha jembe, walioacha chungu motoni. Dada alikuja na mwavuli wake na viatu vyake vya raba vya kwenda kanisani, vikubwa, vyeupe, akajiweka mbele ya wote.

Kijana wa kunisukuma alikuwa mtoto wa Soni, mrefu, ana mikono kama majembe, lakini kwao wamemlea. Dairekta akapaza sauti, "Ekshen." Kijana akaja na hasira zake zote mpaka usoni pangu, akasimama, akainamisha kichwa.

"Shikamoo mama."

"Marahaba," nikamwitikia. Ningefanyaje? Hata mimi nilisahau kama kamera inatazama.

Wakarudia. Safari hii hakutoa shikamoo, lakini alinisukuma kwa ncha za vidole, kama anayepangusa vumbi kwenye Biblia. Dairekta akamkaripia. Kijana akasema kwa unyonge kwamba anajitahidi, ila mkono haukubali kumsukuma mama wa mtu hadharani kwao.

Nikamvuta pembeni. Nikamwuliza ni mtoto wa nani, mama yake kazaliwa wapi, tukahesabu ukoo kidogo, nikaona mama yake angeweza kuwa binti yangu. Nikamwambia, "Sasa wewe unaniitaje mama? Mimi ni bibi yako. Na bibi yako ni nani kwako?"

Akaanza kucheka. Kila mtu kwetu anajua. Mama humgusi, unamheshimu mpaka na kivuli chake. Lakini bibi ni mchumba wa mjukuu, wanataniana kutwa, anamfichia kiko chake, anamwambia umezeeka nitakuacha nioe mwingine.

"Mke wangu," akasema yule kijana.

"Eeh, mume wangu. Sasa nisukume, mwanamume gani wewe usiyeweza kumsukuma ajuza."

Wamama waliokuwa karibu walishangilia kama harusini. Na kijana alifunguka. Alikuja, akasema maneno yake ya shamba kwa ukali wa kweli, akanisukuma kwa viganja viwili barabara.

Nikakaa.

Pwata. Mikono yote miwili imeshika nyasi, mwili umeelemea mlima. Na kabla sijaelewa nini kimetokea, Mlola nzima imeniangukia, pole, pole mama, pole sana, huyu ananipangusa kanga, huyu ana kikombe cha maji, mwingine anamgombeza kijana. Kwetu mtu mzima akipatwa na jambo huwezi kusimama ukitazama tu. Ni aibu kubwa. Kwa hiyo kamera ilichukua migongo ya watu.

Mwalimu akawaeleza kwa upole. Wakaelewa, wakarudi nyuma. Kijana akanisukuma tena. Nikakaa tena. Na wao wakaja tena, ingawa safari hii walikuja kwa kunyata, wakisema pole kwa sauti ndogo ili kamera isisikie.

Hapo nikaanza kuogopa. Dar nilikuwa naanguka hata nikiwa nimelala. Hapa mwili wangu umekataa. Na watu wangu wanapiga makofi, wanafurahi, wanaona nimefanya vizuri, sijaanguka. Dada yangu akaegemea mwavuli, akasema bila kupandisha sauti, ila wote wakasikia, "Nimemfundisha mwenyewe huyu. Haanguki."

Mawingu yalikuwa yanapanda kutoka tambarare, yale ya alasiri, yakifika huoni hata mkono wako. Gari lilitakiwa kurudi Dar kesho yake. Nikamwona dairekta anazungumza na mwalimu wa kuanguka kando, na mwalimu anatazama kanga yangu. Yeye ni mfupi kama mimi. Nikaelewa. Atavaa kanga, atajifunga kilemba, ataanguka yeye, mbele ya dada yangu. Hapo hata ningeishi miaka mingine mingapi, maneno yangu yasingekuwa na mahali pa kusimama. Dada angesema, si mliona wenyewe.

Nikaenda kwa mwalimu nikamwuliza nafanyaje. Alinisimamisha pale juu akaniambia nifumbe macho, niseme nasikia nini. Nikasema nasikia udongo. Wapi? Nikasema miguuni. Nasikia ulivyo na unyevu, nasikia unakoelekea, nasikia vidole vyangu vinavyojichimbia. Akasema basi hiyo ndiyo shida, kule Dar kila siku nilianguka nimevaa viatu. Miguu hii ikigusa udongo wa nyumbani inaamrisha yenyewe kabla kichwa hakijaulizwa.

Viatu vyangu vilikuwa Lushoto, kwenye nyumba ya wageni. Nikaangaza macho. Viatu pekee vinene kuliko vyote pale mlimani vilikuwa miguuni kwa dada yangu.

Nilimwendea. Nilimwambia, dada, niazime raba zako. Akanitazama kutoka kichwani mpaka chini, nami niko na matope ya kukaa mara zote zile.

"Za kanisani hizi."

"Najua."

"Ukizichafua utazifua wewe."

Akavua, akabaki na soksi, kisha akavua na soksi. Dairekta alisema mjane hana viatu, halafu akatazama mawingu, akasema mjane amepewa viatu kanisani, twendeni. Zilikuwa kubwa, miguu yangu inaogelea humo ndani, haisikii chochote. Ningeweza kuwa popote.

Kuhusu watu, mwalimu akamwomba dada awazuie. Hilo hakuhitaji kuombwa mara mbili. Akaushika mwavuli umelala kama kizuizi cha barabarani, akawaambia atakayevuka mwavuli huu atamjua yeye ni nani, na pole zote zingoje mpaka mwisho. Hakuna aliyesogea. Ninaamini hata kuku walisimama.

Ekshen. Mume wangu akaja, akatukana kidogo, akanisukuma.

Sikusikia udongo. Nikaupa mlima bega, halafu mgongo, nikazunguka. Nikaona mawingu, nikaona nyasi, nikaona mawingu. Majani ya migomba yakalia chini yangu kwaa, kwaa. Raba moja ikachomoka ikaruka zake. Mlima ule niliupanda na kuushuka tangu nina meno ya utotoni, na sikuwahi kuuona kutoka upande huo, umepinduka, shamba juu na mbingu chini. Nilikuwa nacheka, ila usoni nilijikaza nionekane nakufa. Nikatua nyuma ya kichaka kwenye godoro, nikalala kimya nikingoja neno la dairekta.

Neno halikuja. Nilisikia kitu kingine, mlio wa kitu kizito kinachokuja kwa kasi. Nikainua kichwa. Dada yangu alikuwa amevuka mwavuli wake mwenyewe. Alikuwa amekuja mbio miguu mitupu, na pale kwenye mteremko mkali mguu ukateleza, naye akafanya tulichofundishwa, akakaa. Ila palikuwa na majani makavu ya migomba. Kwa hiyo mzee wa kanisa alikuja mlima mzima amekalia makalio, wima kabisa, mwavuli mkononi umejifungua wenyewe kama bendera, mdomo umefumba, mpaka akanigonga ubavuni.

Hakusema pole. Alinishika kichwa, akanishika shingo, akanikamua mikono na miguu mfupa kwa mfupa kama anayetafuta kokoto kwenye maharage.

"Umeanguka," akasema.

"Nimeanguka, dada."

"Wewe mwenyewe."

"Mimi mwenyewe."

Akanipiga kofi la mgongo, la nguvu, lile la utotoni, halafu akanikumbatia na kulia kwenye kilemba changu. Tulikaa pale kwenye godoro, tunalia na kucheka, mpaka mawingu yakatufunika na kule juu watu wakaanza kutoa pole zao zote kwa pamoja, wakiwa hawatuoni.

Kamera haikuzimwa. Dairekta alisema hajawahi kuona kitu kama kile, akakiacha kwenye filamu chote, mwavuli na machozi. Ikabidi waandike upya, mjane akapata dada. Raba moja hatukuipata mpaka leo. Mvua ikinyesha watu wa chini wanaambiwa waiangalie.

Filamu ilipotoka waliitazama kanisani baada ya ibada, kwenye ukuta. Alipotokea dada anateremka, vijana wa kwaya wakasema mzee, huyo siyo wewe, hiyo ni kompyuta. Alisimama akawaambia anayebisha aje mlimani na majani ya migomba. Halafu akaniambia, mbele ya wote, kwamba pale hakuwa ananikimbilia mimi. Alikuwa anakimbilia kiatu chake.

Nilimjibu nimeelewa. Jumapili iliyofuata nilikuta ameyatandaza majani nyuma ya shamba, ameacha mwavuli nyumbani. Aliniita nikamfundishe namna ya kutoa bega.